Bunduki Bila Daftari

Tarehe 20 Desemba 2013, Bunge likiwa Dodoma, kamati iliyoongozwa na Mheshimiwa James Lembeli iliwasilisha taarifa yake kuhusu Operesheni Tokomeza Ujangili. Ilieleza mateso, mauaji na uporaji wa mifugo uliofanywa dhidi ya wananchi kwa jina la kuwalinda tembo. Kabla ya siku hiyo kwisha, mawaziri wanne walikuwa wamepoteza nyadhifa zao: wa Maliasili na Utalii, wa Mambo ya Ndani, wa Ulinzi, na wa Mifugo. Siku tatu baadaye, katika mji wa Izhevsk nchini Urusi, Mikhail Kalashnikov alifariki dunia akiwa na umri wa miaka 94.

Kwa mtazamo wa haraka, matukio haya mawili hayana undugu. Mimi nayaona kuwa kurasa mbili za kitabu kimoja, na kila mwaka nikifika kwenye mada ya dola na matumizi ya nguvu huwataka wanafunzi wangu hapa Arusha wayasome pamoja. Moja linamhusu mtu aliyebuni bunduki. Jingine linawahusu watu waliopaswa kujua bunduki ziko wapi, zimeshikwa na nani na zimetumika vipi. Hoja ya makala haya ni kwamba tumekuwa tukimjadili mno yule wa kwanza na kuwasahau hawa wa pili.

Tuanze na bunduki yenyewe. Warusi hawakukosa wabunifu wenye akili nyingi. Mwaka 1916, katikati ya Vita Kuu ya Kwanza, Vladimir Fedorov alikuwa tayari amebuni bunduki nyepesi ya kufyatua risasi mfululizo, iliyotumia risasi za Kijapani za milimita 6.5. Zilitengenezwa takriban 3,200 tu kabla ya uzalishaji kusitishwa katika miaka ya 1920. Miongo kadhaa baadaye Gennady Nikonov alibuni AN-94, silaha ya ajabu iliyoweza kutoa risasi mbili za mwanzo kwa kasi ya risasi 1,800 kwa dakika, kiasi kwamba ya pili hutoka kabla askari hajahisi mtikisiko wa ile ya kwanza. Ilikubaliwa rasmi katika miaka ya 1990, lakini ugumu wa muundo wake na gharama zake viliizuia kuenea. Zote mbili ni fahari ya wahandisi. Hakuna hata moja iliyoacha alama katika historia ya Afrika Mashariki.

Iliyoacha alama ni ile iliyokuwa rahisi. Kalashnikov, mtoto wa wakulima na sajini wa vifaru aliyejeruhiwa mwaka 1941, aliingia katika mashindano ya ubunifu baada ya vita, na bunduki yake ikakubaliwa na jeshi la Kisovieti mwaka 1949. Siri yake haikuwa shabaha, kwani zipo bunduki zenye shabaha nzuri zaidi. Vipuri vyake viliachiwa nafasi ya kutosha baina yao ili mchanga na masizi visiikwamishe. Gesi ya baruti yenyewe ndiyo iliyosukuma pistoni na kuingiza risasi nyingine. Na kuruta asiyejua kusoma aliweza kufundishwa kuifungua na kuisafisha kwa muda mfupi. Mwaka 1959 ilifuata AKM, iliyotumia mabati ya chuma yaliyokunjwa kwa mashine, hivyo ikawa nyepesi na nafuu zaidi. China ilikuwa imeanza kutengeneza nakala yake, Type 56, tangu mwaka 1956. Hiyo ndiyo ambayo wengi wetu tumeizoea begani mwa askari, tukiiita SMG.

Sifa hizo ndizo zilizoifaa Afrika iliyokuwa ikipigania uhuru. Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika iliundwa mwaka 1963 na makao yake yakawa Dar es Salaam. Silaha kutoka Urusi, China na nchi nyingine za kambi ya mashariki zilipita katika ardhi yetu kwenda kwa wapiganaji waliofunzwa Kongwa na Nachingwea. FRELIMO walipoanza vita tarehe 25 Septemba 1964, bunduki rahisi isiyodai karakana kubwa ilikuwa hitaji la lazima. Msumbiji iliiweka katika bendera yake, na sioni sababu ya kuwacheka kwa hilo. Mtu aliyenyimwa kila mlango wa amani na mkoloni ana haki ya kukumbuka kilichomfungulia.

Lakini bunduki iliyoundwa ili isiharibike ina tabia moja ambayo wapigania uhuru hawakupewa nafasi ya kuitafakari: huishi muda mrefu kuliko sababu iliyoileta. Mkataba wa amani wa Msumbiji ulitiwa saini Roma mwaka 1992, na kuanzia mwaka 1995 polisi wa Msumbiji na wa Afrika Kusini wakalazimika kuendesha operesheni za pamoja za kufukua maghala yaliyofichwa, kwa kuwa bunduki za vita zilikuwa zimegeuka kuwa za ujambazi mijini. Mwaka huohuo Baraza la Kikristo la Msumbiji lilianza kuwapa wananchi majembe, baiskeli na cherehani badala ya silaha walizosalimisha.

Mfano ulio karibu nasi zaidi ni Vita vya Kagera. Mwaka 1978 majeshi yote mawili yalibeba silaha za ukoo mmoja. Idi Amin alikuwa amepewa vifaru na ndege za Kisovieti. Sisi tulikuwa na mizinga ya roketi ya BM-21, ambayo Waganda wanaikumbuka hadi leo kwa jina la Saba Saba. Yeyote anayedhani kwamba bunduki ina itikadi na aitazame vita hiyo. Tulishinda, na ushindi ule ulikuwa wa haki. Hata hivyo, utawala wa Amin ulipoanguka mwaka 1979, askari wake waliikimbia kambi ya Moroto, na ghala la silaha likaachwa wazi. Wafugaji wa Karamoja walijichukulia maelfu ya bunduki. Wizi wa ng'ombe uliokuwa na mikuki na kanuni zake za jadi ukageuka kuwa mauaji ya halaiki ya vijiji, na serikali za Uganda zimekuwa zikihangaika kunyang'anya silaha huko kwa miongo mingi tangu wakati huo. Ghala moja lisilo na mlinzi lilifanya kazi ambayo hakuna mhandisi wa Izhevsk aliyeikusudia.

Wahenga wetu wana usemi ambao wafanyabiashara wa Kariakoo na wa Soko Kuu la Arusha wanaufahamu vizuri: mali bila daftari hupotea bila habari. Bunduki ni mali ya namna hiyo, tofauti ikiwa kwamba inapopotea, habari zake hufika. Zilifika kwetu kupitia pembe za ndovu. Sensa zilionyesha kuwa tembo wa Tanzania walipungua kutoka takriban 109,000 mwaka 2009 hadi takriban 43,000 mwaka 2014. Ndipo dola ikajibu kwa Operesheni Tokomeza, nayo ikawageuzia baadhi ya raia mitutu ileile. Jangili na ofisa katili walikutana mahali pamoja: wote waliamini kwamba hakuna atakayewauliza kuhusu risasi waliyoifyatua.

Arusha ina sababu ya pekee ya kulijali jambo hili. Mkataba wa amani wa Rwanda ulitiwa saini hapa tarehe 4 Agosti 1993, na watu waliouvunja wakaja kuhukumiwa hapahapa. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda iliwashtaki watu 93 kabla ya kufunga kazi mwishoni mwa mwaka 2015. Ilifanya kazi kubwa. Pamoja na mapanga, bunduki za aina ya Kalashnikov zilikuwamo katika mauaji yale, na inafahamika kwamba mwaka 1992 serikali ya Rwanda ilinunua kutoka Misri shehena ya silaha ya dola milioni 6 iliyokuwa na bunduki hizo. Hakuna muuza silaha wa kigeni aliyesimama kizimbani Arusha. Sheria ilimfuata aliyefyatua na aliyeamuru, haikumfuata aliyeuza.

Kisha kuna Loliondo, ndani ya mkoa wetu huu. Juni 2022, wakati wa kuweka mipaka ya pori tengefu, askari polisi mmoja aliuawa kwa mshale. Mashirika ya haki za binadamu na wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliripoti kwamba wananchi walijeruhiwa kwa risasi. Serikali ilizikanusha taarifa hizo. Sitaki kuamua hapa nani alisema kweli. Nataka kuuliza swali la kiutawala ambalo karani yeyote wa ghala angeweza kulijibu: ni risasi ngapi zilitoka, ngapi zilirudi, na zilizopungua zilikwenda wapi? Kama jibu hilo lingewekwa hadharani chini ya uthibitisho wa chombo huru, nusu ya ubishi ungekwisha siku hiyohiyo. Lingeweza hata kuwasafisha askari wasio na hatia. Daftari halimwonei mtu.

Watetezi wa usiri watasema kwamba hesabu za silaha ni siri ya ulinzi, na kwamba adui akizijua atatudhuru. Hoja hiyo ina uzito kuhusu ghala la jeshi, na sidai kwamba idadi ya mizinga ya JWTZ itundikwe kwenye mbao za matangazo. Lakini silaha za polisi, za askari wa hifadhi, za kampuni za ulinzi na za raia zinatumika kati yetu, si mpakani dhidi ya adui. Kwa hizo, usiri humlinda zaidi mzembe kuliko taifa.

Wala hatuhitaji kutunga sheria kutoka mwanzo. Itifaki ya Nairobi ya mwaka 2004 kuhusu silaha ndogo ndogo inazitaka nchi wanachama ziweke alama katika bunduki, zitunze kumbukumbu na ziteketeze zilizozidi. Tunayo Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015. Jeshi la Polisi limekuwa likitangaza vipindi vya msamaha kwa wanaosalimisha silaha kwa hiari. Kinachokosekana ni tabia ya kutoa hesabu kwa umma. Ninapendekeza mambo matatu. Kwanza, Wizara ya Mambo ya Ndani iwasilishe bungeni kila mwaka taarifa ya silaha zilizowekwa alama, zilizopotea, zilizosalimishwa na zilizoteketezwa, mkoa kwa mkoa. Pili, kila operesheni ya dola inayohusisha raia na kuishia kwa mtu kuuawa au kujeruhiwa ifuatwe na ukaguzi huru wa rejista ya ghala. Tatu, Jumuiya ya Afrika Mashariki, ambayo makao yake tunapita mbele yake kila siku, iunganishe rejista za nchi wanachama ili bunduki iliyokamatwa Longido iweze kutambuliwa kama ilitoka Juba au Bukavu.

Nawaelekea sasa watumishi wa umma mnaosoma ukurasa huu. Katika mji huu liko boma la Wajerumani, lililojengwa kwa kazi ya kulazimishwa ya Waarusha na Wameru baada ya bunduki kuwashinda. Nusu karne baadaye, Wameru walipofukuzwa Engare Nanyuki mwaka 1951, hawakuwa na bunduki. Waliandika. Mwaka 1952 Kirilo Japhet alifika Umoja wa Mataifa na madai yao. Hakurudi na ardhi, lakini alirudi akiwa ameacha kumbukumbu rasmi ambayo dola ya kikoloni haikuweza kuifuta, na kumbukumbu hiyo ikawa shule ya siasa kwa Tanganyika nzima. Msidharau kazi ya kalamu.

Mwishoni mwa maisha yake, Kalashnikov alimwandikia barua Patriaki wa Kanisa la Kiorthodoksi la Urusi. Alitaka kujua kama yeye, Mkristo na mtoto wa mkulima, anabeba hatia ya vifo vya watu waliouawa kwa bunduki yake, hata kama walikuwa maadui. Kanisa lilimtuliza kwa kusema kwamba silaha inayoilinda nchi ina baraka. Siwezi kumhukumu mzee yule. Ila naona kwamba swali lake lilikuwa zito kuliko jibu alilopewa, na kwamba halikupaswa kubebwa na mbunifu peke yake. Linamhusu pia aliyetia saini hati ya ununuzi, aliyekabidhiwa ufunguo wa ghala, na mbunge anayepitisha bajeti bila kuuliza zile za mwaka jana ziko wapi.