Sandarusi Si Gundi

Ndugu malenga, kutoka hapa Mitole, Kilwa, napinga mazoea ya kuita "gundi" kila kinatacho kitokacho mtini. Gundi ya mgunga huyeyuka majini. Sandarusi, itokayo kwa msandarusi, haiyeyuki majini hata uiloweke mwaka mzima. Hulainishwa kwa moto, kisha ikachanganywa na mafuta. Utomvu mweupe wa mpira ni kitu cha tatu.

Wazee wa pwani hii walijua tofauti hizo kwa kuwa ziliwalisha. Katika karne ya 19 sandarusi ilipitia Unguja hadi Salem, Marekani, ikatengenezewa vanishi. Iliyochimbwa ardhini, iliyokaa humo miaka mingi ikakomaa, ilikuwa na thamani kuliko mbichi ya mtini.

Wapo wasemao kuwa sandarusi ni neno la Kiarabu, tena limechakaa. Gundi nayo ilitoka Bara Hindi, mbona hawaikatai? Tukiliacha neno, tumeacha na maarifa yaliyomo. Mfasiri atapotosha somo la kemia, na mshairi atakayelinganisha penzi la kudumu na gundi ajue kwamba mvua ya kwanza italiosha.