Mgongo wa Mchimbaji na Mstari wa "Magonjwa Mengine"

Serikali hupanga kwa hesabu. Kisichohesabiwa hakipangiwi dawa, hakipangiwi daktari, wala hakipangiwi fidia. Kwa sababu hiyo naandika leo juu ya jambo ambalo wengi wataliona kavu: namna ugonjwa wa mgongo unavyoandikwa katika vitabu vya zahanati na vituo vya afya vya ukanda wa dhahabu, kuanzia Kahama hadi Chato. Dai langu ni kwamba maandishi hayo, kama yalivyo sasa, yanamfuta mchimbaji mdogo.

Nianze na ugonjwa wenyewe. Ndani ya pingili za uti wa mgongo umo mfereji unaopitisha neva. Kadiri umri unavyosonga, na mizigo inavyoulemea mgongo, sahani zilizo kati ya pingili hutuna, viungo vya pingili huota mifupa, kano hunenepa, na mfereji hupungua upana. Ukipungua sehemu ya kiunoni, neva ziendazo miguuni hubanwa. Mgonjwa hutembea hatua kadhaa, miguu ikawaka au ikafa ganzi, akalazimika kusimama. Akikaa au akiinama mbele, nafuu huja, maana kuinama huupanua mfereji kidogo. Matokeo yake ni kioja kinachowaponza wengi: mtu asiyeweza kutembea hadi sokoni anaweza kuendesha baiskeli hadi kijiji cha pili, kwa kuwa baiskeli humwinamisha. Majirani humwona akiendesha, nao husema anajidai mgonjwa.

Katika Ainisho la Kimataifa la Magonjwa, toleo la kumi, ugonjwa huu una msimbo wake: M48.0, na tarakimu moja zaidi ikiongezwa kuonyesha kwamba ni kiunoni. Wamarekani hawakuridhika hata na hiyo. Tangu Oktoba 2017 wameugawa mara mbili, M48.061 na M48.062, ili kumtofautisha mgonjwa ambaye miguu humsumbua akitembea na yule ambaye haimsumbui. Sisi tuna M54.5, yaani maumivu ya kiuno, na mara nyingi hata huo hauandikwi.

Buseresere imeshikamana na Katoro kiasi kwamba mgeni hajui ni wapi ametoka Wilaya ya Geita na kuingia Chato. Huko anaishi mjomba wangu, aliyetumia ujana wake kushuka kwenye maduara na kupandisha viroba vya mawe mgongoni. Alinikabidhi daftari lake la matibabu nilisome. Katika kurasa za miaka minne, mara tisa, yameandikwa maneno yaleyale: herufi LBP, ufupisho wa Kiingereza wa maumivu ya kiuno, kisha jina la dawa ya kutuliza maumivu. Hakuna ukurasa hata mmoja ulioandikwa kwamba aliulizwa anafanya kazi gani. Hakuna ulioandikwa kwamba aliulizwa anaweza kutembea umbali gani kabla ya kusimama.

Sitaji kituo, kwa sababu kituo si tatizo. Tabibu mmoja mwenye foleni ya watu themanini hana muda wa falsafa. Lakini fuateni safari ya herufi hizo tatu. Mwisho wa mwezi, kituo hujaza majumuisho ya MTUHA. Jedwali hilo lina magonjwa yaliyochapwa tayari, malaria, kuhara, nimonia na mengineyo, na chini kabisa pana mstari wa magonjwa mengine. Mgongo usio na jina mahususi huangukia humo, pamoja na kila kisicho na pa kwenda. Takwimu zikifika wilayani, mkoani, hatimaye wizarani, mjomba wangu ni sehemu ya nambari isiyo na umbo. Afisa mipango hawezi kuomba mtaalamu wa mifupa kwa ajili ya nambari isiyo na umbo.

Angalieni pia tabaka lililojificha humu. Aliye na bima huandikiwa msimbo, kwa kuwa fomu ya madai bila msimbo hailipwi. Asiye na bima, yaani wengi wa wachimbaji wadogo, hana anayehitaji msimbo wake.

Nimejibiwa na rafiki zangu wa tiba kwamba ufinyu wa mfereji huthibitishwa kwa picha ya MRI, na kwamba tabibu wa zahanati hana haki ya kuandika M48.0 kwa kukisia. Ni kweli, na kanuni za Ainisho zenyewe zinaelekeza kuandika dalili pale ambapo ugonjwa haujathibitishwa. Nakubali pia kwamba umri pekee unaweza kuleta ufinyu huu hata kwa karani aliyekaa ofisini maisha yake yote. Lakini kanuni hizohizo zinatoa nafasi ambayo hatuitumii. Upo msimbo wa maumivu ya kiuno yanayoshuka mguuni, M54.4. Upo wa shida ya kutembea, R26.2. Na upo mmoja ambao sijauona katika daftari lolote nililowahi kuonyeshwa: Y96, hali inayohusiana na kazi. Hakuna mashine ya MRI inayohitajika kumuuliza mtu, "Mzee, ulikuwa unafanya kazi gani?"

Kwa nini Y96 haiandikwi? Kwa sababu ikiandikwa, inazua swali la nani alipe. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008 ilituletea Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, na ni jambo jema. Ila Mfuko hulinda mtu mwenye mwajiri anayemchangia. Mchimbaji wa duara hulipwa kwa mgao wa mawe. Mwenye duara si mwajiri wake kwa maandishi, mwenye leseni hamjui, na mnunuzi wa dhahabu hana habari naye. Mgongo wake ni mali yake binafsi, hata maumivu yake.

Serikali hiyohiyo haina uvivu wa kupima. Mwezi Machi 2019 soko la madini lilifunguliwa Geita, na dhahabu hupimwa pale hadi sehemu ya gramu. Mabadiliko ya sheria ya mwaka 2017 yaliweka mrabaha wa asilimia 6 na ada ya ukaguzi ya asilimia 1. Tunajua uzito wa kilichotoka shimoni. Uzito wa kiroba kilichokitoa, na mgongo uliokibeba, haumo katika mizani yoyote.

Msiniambie haiwezekani. Ujerumani, tangu 1993, imeyaweka magonjwa ya sahani za uti wa mgongo kiunoni, yatokanayo na miaka mingi ya kuinua na kubeba mizigo mizito, katika orodha ya magonjwa ya kazini, kwa namba 2108. Masharti yake ni magumu na wengi hukataliwa, lakini mlango upo na una namba. Hata orodha ya Shirika la Kazi Duniani, iliyorekebishwa 2010, inataja kiwiko, goti na kifundo cha mkono kwa majina, huku mgongo ukiachwa uingie kupitia kifungu cha jumla. Kumbe magonjwa mengine yapo hata Geneva.

Ninachodai kwa Wizara ya Afya ni kidogo. Mstari mmoja wa maumivu ya kiuno yanayoambatana na shida ya kutembea katika majumuisho ya vituo vya mikoa ya uchimbaji. Safu moja ya kazi ya mgonjwa, na agizo kwamba isiachwe tupu. Na Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ya mwaka 2023 inapotekelezwa, wachimbaji wa mgao watajwe kama kundi, si kuachwa wajitafutie pa kuangukia.

Nanyi wanafunzi wangu mnaonijia kila mwaka mkilalamika kwamba mada za tasnifu zimekwisha: ombeni kibali kwa Mganga Mkuu wa Wilaya, chukueni kitabu cha wagonjwa wa nje cha kituo kimoja cha Katoro au Buseresere, mwaka mmoja tu, mkahesabu wanaume na wanawake walioandikiwa kiuno. Kisha nendeni nyumbani kwao mkawaulize walikuwa wakibeba nini.