Umechujwa Kwa Job ya Serikali Kimagendo? Jua Mlango wa Kugonga Kabla Ukimbilie Korti

Unaijua hii story. Umetuma maombi, umeitwa intaviu, umejibu maswali yote fiti, halafu majina yanatoka na lako halipo. Mwenye amepewa hiyo kazi ni mtu wa mheshimiwa, na hakuna mtu alimuona kwa foleni. Hasira ikipanda, unasema tu: "Tupatane kotini!"

Haki yako iko. Kifungu 232 cha Katiba kinasema kazi za umma zitolewe kwa ushindani wa haki na uwezo. Lakini wasee wengi hupoteza hizi kesi hata kabla jaji asikie malalamishi yao, juu waligonga mlango usiofaa.

Kama job ni ya kaunti, usianze na korti. Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012, sehemu ya 77, inasema mtu akipinga uamuzi kuhusu uajiri, akate rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, PSC. Unaandika barua, na uko na siku 90 tangu uamuzi utolewe. Mwaka wa 2017 Mahakama ya Rufaa ilishikilia hivyo hivyo: pitia PSC kwanza, korti baadaye. Ukiruka hiyo hatua, wakili wa kaunti atasimama aseme kesi imekuja mapema, na utarudishwa nyumbani ukiwa na bili.

Kuna kadirisha kadogo. Sheria ya 2015 kuhusu Hatua za Haki za Kiutawala inaruhusu korti ikuepushe hiyo safari kukiwa na sababu ya kipekee. Lakini lazima uombe. Na "nina haraka" peke yake haitoshi.

Ukifika korti, kuna swali lingine: gani? Tuko na Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, ambayo iko ngazi moja na Mahakama Kuu. Mahakama ya Juu ilisema 2017 kwamba hizi korti ni sawa kwa cheo, lakini moja haiwezi kufanya kazi ya nyingine. Utauliza, "Mimi sijaajiriwa, hiyo ya ajira inanihusu aje?" Sheria ya Ajira, sehemu ya 5, inakataza ubaguzi hata kwa mwenye anatafuta kazi. Kwa hivyo uko ndani.

Lakini hata wakubwa huu mstari huwachanganya. Kesi ya kuandikishwa kwa polisi 10,000 mwaka wa 2014 ilienda Mahakama Kuu. Ile ya 2025, pia ya polisi 10,000, ikaenda Mahakama ya Ajira. Kama serikali na mawakili wake bado wanasukumana hivyo, wewe na simu yako ya bundles za mia utajuaje?

Na hapa ndio ukweli unauma. Ile kesi ya 2014 ililetwa na IPOA, taasisi ya umma yenye mawakili. Jaji Isaac Lenaola akafuta zoezi lote, Mahakama ya Rufaa ikaunga mkono. Kushinda kulimaanisha zoezi lirudiwe, si kwamba mwenye alichujwa alipewa kazi. Hata wale waliingia bila kuhonga walirudi kwa foleni. Korti inaweza kuvunja list chafu. Kukuweka kwa list safi ni story tofauti.

So tume iko na faida yake: unaandika barua mwenyewe, hulipi wakili. Korti nayo iko na nguvu ya kusimamisha uteuzi haraka kabla mtu aapishwe.

Kwa zote mbili, bila ushahidi umechoka, na ushahidi uko kwa kabati ya waliokuchuja. Tumia Sheria ya Kupata Habari ya 2016: andika barua uombe alama zako na vigezo walivyotumia. Wako na siku 21 za kukujibu. Wakinyamaza, peleka malalamishi kwa Tume ya Haki ya Utawala, wengi huiita Ombudsman.

Anza hiyo barua leo. Zile siku 90 zinahesabika hata ukiwa umelala.