Lazima Mwogiek Avae Ngozi Ndio Umwamini?

Hebu panda gari la Njoro pale steji ya Nakuru, kisha uendelee kupanda mlima hadi Nessuit na Mariashoni. Huko ni Mau Mashariki, kwa Waogiek. Wengi wetu tunawajua kwa video tu, na video zenyewe zinafanana: mzee amevaa ngozi, anakwea mti, anashusha asali, halafu sauti nzito inakwambia jamii hii inaisha. Kijana wa hapo hapo anayelima viazi na kuendesha boda haonyeshwi. Ati anaharibu picha.

Utasema ni filamu tu, tulia. Lakini hii maneno imefika hadi kortini. Kesi ya Waogiek iliposikizwa na Mahakama ya Afrika yenye makao Arusha, serikali ya Kenya ilijitetea kwamba watu hawa wamebadilika na siku hizi wanaishi maisha ya kisasa. Umeona huo mtego? Ukivaa ngozi, wewe ni maonyesho ya watalii. Ukivaa jinzi, wewe si Mwogiek tena, na msitu si wako.

Majaji walikataa. Hukumu ya Mei 26, 2017 ilisema utamaduni hauhitaji kuganda mahali pamoja ndio uwe utamaduni. Juni 2022 wakaagiza fidia ya zaidi ya shilingi milioni 157, ardhi ya mababu irudishwe kwa hatimiliki, na lugha ya Kiogiek itambuliwe. Hata hivyo, Novemba 2023 familia zilibomolewa nyumba Sasimwani, upande wa Narok.

Si Waogiek peke yao wanaopigwa picha hivi. Wahmong ni watu wa milima ya Kusini-Mashariki mwa Asia, na maelfu yao walikimbilia Marekani baada ya vita vya Laos na Vietnam. Mwaka 2008 Clint Eastwood aliwaweka kwenye filamu yake, Gran Torino. Waigizaji walikuwa Wahmong kweli, lakini hadithi ilikuwa ya mzee mzungu. Bee Vang, kijana aliyeigiza humo kama mmoja wa wahusika wakuu, baadaye aliikosoa hadharani kwa jinsi ilivyowachora watu wake.

Waogiek wanaijua hiyo vizuri. Kwa miaka mingi waliitwa Wadorobo, jina lililotoka kwa Wamaasai, maana yake watu maskini wasio na ng'ombe. Yaani hata jina walipewa na jirani.

Sasa wewe msee wa kamera hapa Nakuru, ukipanda Mariashoni, usimwambie mtu abadilishe nguo. Mpige akiwa na boda yake, akiongea Kiogiek, wewe uweke tafsiri chini ya skrini. Mzee na mizinga yake pia mpige, kwa sababu asali bado ipo. Ila muulize huyo kijana hatimiliki imefika wapi, na jibu lake usilikate.