Nyumba na Fedha: Makato Madogo Yenye Majina Mageni

Juma lililopita tulizungumza juu ya kuugawa mshahara kabla haujatoka. Leo tunaijibu barua ya mama mmoja, mke wa ofisa, aishiye kambini pamoja na watoto wanne. Jina lake tunalihifadhi kama ilivyo desturi yetu, lakini jambo lake yafaa lisikiwe na kila nyumba ambayo baba au mama amesafiri akiwa na kadi ya benki mfukoni.

Mume wa mama huyo alipelekwa Marekani kwa mafunzo ya miezi sita. Mshahara uliendelea kuingia katika akaunti yao ya hapa nyumbani, ambayo ni ya watu wawili. Bwana alichukua kadi, naye bibi akabaki na haki ya kutoa fedha dirishani. Mwisho wa mwezi wa pili mama alikwenda kuchukua taarifa ya akaunti, kwa maana karo ya shule ilikuwa imekaribia na salio lilikuwa pungufu kuliko alivyotazamia. Hapo akaiona mistari 23 ya makato madogo madogo: dola 2 hapa, dola 1 na senti 75 pale, yote yamegeuzwa kuwa shilingi. Mbele ya kila kiasi paliandikwa herufi asizozijua, na katika mistari kadhaa likawamo neno moja analolijua sana: "Canteen".

Kila aliyelelewa kambini anajua kantini ni nini. Ni mahali askari anapokunywa bia jioni, na ni mahali ambapo mishahara mingi imezikwa bila matanga. Tena siku moja, Jumatatu, palikuwa na makato manne. Mama akahesabu: kantini mara nne kwa siku moja! Ametuandikia hivi: "Sijalala siku tatu. Nimekwisha kumwandikia Baba watoto barua ya maneno makali, lakini sijaituma. Nisaidieni kabla sijaipeleka."

Twamshukuru mama huyu kwa kuuliza kwanza. Neno likitoka halirudi, na barua iliyotumwa kwa hasira husomwa mara nyingi kuliko barua ya mapenzi.

Sasa tueleze jambo lenyewe. Marekani, katika maofisi, mashule, mahospitali, viwanja vya ndege na mabweni ya wanafunzi, zimesimamishwa mashine ziuzazo vitu bila mwuzaji. Ni kama kabati kubwa lenye kioo. Ndani mmepangwa soda, maji, biskuti na karanga. Mnunuzi hulipa, hubonyeza namba ya kitu anachokitaka, nacho huanguka chini akakiokota. Hili si jambo geni duniani. Yapata miaka 2,000 iliyopita, mtaalamu Hero wa Iskandaria, huko Misri, alieleza chombo kilichotoa maji ya hekaluni baada ya mtu kutumbukiza sarafu. Huko Marekani, mwaka 1888 mashine za kuuza ubani wa kutafuna ziliwekwa katika vituo vya treni mjini New York. Lililo jipya ni kwamba sarafu imeondoka na kadi imeingia. Na kadi, tofauti na sarafu, huacha nyayo katika taarifa ya benki.

Nyayo hizo ndizo zinazowapoteza watu. Mwenye mashine mara nyingi hana mapatano yake mwenyewe na mabenki. Hukodi kifaa cha kusomea kadi kutoka kampuni ya malipo, na jina liandikwalo katika taarifa laweza kuwa la kampuni hiyo, au la mwenye mashine, au mchanganyiko wa yote mawili uliokatwa katikati kwa kukosa nafasi. Mathalani, herufi "CTLP" ni kifupi cha Cantaloupe, kampuni ya malipo ambayo hadi mwaka 2021 iliitwa USA Technologies. Nayax ni kampuni nyingine ya kazi hiyo hiyo, nayo asili yake ni Israeli. Na "Canteen", mama yetu, ni jina la kampuni ya mashine za vitafunwa iliyoanza mjini Chicago mwaka 1929. Haihusiani kabisa na kantini ya kambini.

Aidha, vifaa hivyo vya kadi havikuwekwa katika mashine za soda peke yake. Viko katika mashine za kufulia nguo mabwenini, katika pampu za kujazia upepo matairi, na mahali pa kuoshea magari. Kwa hiyo mstari mmoja wenye jina geni waweza kuwa chupa ya maji, na mwingine waweza kuwa shati la askari aliyelifua usiku ili aende darasani akiwa nadhifu.

Je, makato manne ya siku moja? Tarehe iliyo katika taarifa mara nyingi ni siku ambayo benki iliandika hesabu, wala si siku ambayo mtu alinunua. Manunuzi ya Ijumaa, Jumamosi na Jumapili yaweza kuandikwa yote Jumatatu. Ndiyo maana siku hiyo huonekana kama siku ya karamu.

Jambo la nne litazamwalo kwa mashaka ni kiasi. Mashine haijui utachagua nini kabla hujabonyeza. Kwa hiyo huiomba benki izuie kiasi fulani kwanza, na baada ya ununuzi ndipo hupeleka bei ya kweli. Kwa siku kadhaa mwenye akaunti aweza kuona kiasi kilichozuiwa pamoja na bei yenyewe, akadhani amekatwa mara mbili. Kile kilichozuiwa huachiliwa baadaye. Tena, mtu akinunua vitu viwili kwa mfululizo, mashine nyingine huvijumlisha katika mstari mmoja. Na mashine nyingi hutoza bei mbili: anayelipa kwa kadi huongezewa kidogo, mara nyingi senti 10, kuliko anayelipa kwa sarafu. Bei hizo hubandikwa kwenye mashine, lakini mwenye kiu hasomi.

Baada ya hayo huja ada ya benki yetu wenyewe kwa kubadilisha fedha za kigeni. Kabla ya safari yafaa kuuliza: je, ada hiyo ni asilimia ya ununuzi, au ni kiasi maalumu kwa kila ununuzi? Ikiwa ni kiasi maalumu, basi kununua soda moja moja kwa kadi ni kama kukodi lori kubeba kibaba cha mtama.

Hapa twageuka kusema na bwana aliye safarini, maana si mama peke yake anayehitaji somo. Soda ya dola 2 kila siku ya kazi, siku 20 kwa mwezi, ni dola 40. Tukichukua mfano wa shilingi 3,600 kwa dola, hizo ni shilingi 144,000 za Uganda kwa mwezi, na kwa miezi sita ni shilingi 864,000, kabla ya ada yo yote. Haba na haba hujaza kibaba, na haba na haba vile vile hukimaliza. Hatumkatazi mtu kunywa maji. Twasema anunue katoni dukani, awe na sarafu chache mfukoni, na aandike matumizi yake. Wazee walisema: mali bila daftari hupotea bila habari.

Lakini ndugu wasomaji, tusitoke katika kosa la kushuku kila kitu tukaingia katika kosa la kupuuza kila kitu. Wezi wa namba za kadi wanayo hila moja inayojulikana sana: kabla ya kuiba kiasi kikubwa, hujaribu kiasi kidogo, kama dola 1, waone kama kadi inafanya kazi na kama mwenyewe amelala. Mstari mdogo wenye jina geni ndio vazi linalowafaa. Kwa hiyo kila mstari uulizwe, lakini uulizwe kwa utaratibu. Askari polisi wanaosoma ukurasa huu wanajua kwamba tuhuma si ushahidi.

Utaratibu wenyewe ni huu. Kwanza, andika katika karatasi tarehe, kiasi, jina na mji wa kila mstari usioufahamu; na ukumbuke kwamba mji ulioandikwa waweza kuwa mji wa ofisi ya kampuni, si mahali mashine ilipo. Pili, mpelekee mwenye kadi orodha hiyo kwa maneno ya upole, umwulize alikuwa wapi siku hiyo na siku tatu zilizotangulia. Tatu, mistari ambayo yeye naye haitambui, ipelekeni benki upesi. Piga namba iliyoandikwa nyuma ya kadi, wala si namba uliyotumiwa na mtu. Na namba yako ya siri usimtajie mtu ye yote, hata akijiita meneja.

Kadi iliyotolewa na benki ya Uganda hulalamikiwa kwa benki hiyo hiyo, hata kama ununuzi ulifanyika ng'ambo. Peleka barua, ubaki na nakala iliyogongwa muhuri. Usiporidhika, waweza kwenda Benki Kuu ya Uganda, ambayo ilitoa miongozo ya kuwalinda wateja wa mabenki mwaka 2011. Jamaa zetu wenye akaunti za Marekani wanayo sheria ya mwaka 1978: kosa katika akaunti yapasa liripotiwe katika siku 60 tangu taarifa ilipotumwa. Mwenye kadi iliyopotea au kuibwa, akitoa habari katika siku 2 za kazi tangu alipojua, hasara yake haitazidi dola 50. Akichelewa yaweza kufika dola 500, na akizipitisha zile siku 60 aweza kupoteza zaidi.

Tulimjibu mama kwa njia ya simu kabla ya gazeti kuchapwa, naye ametupa ruhusa ya kueleza mwisho wa habari. Ile barua aliichana. Akapeleka orodha badala yake. Bwana alijibu usiku ule ule: mistari 22 aliitambua, maji na biskuti za mapumziko, na mashine ya kufulia kila Jumamosi. Akakiri kwamba hakuwa amejumlisha, na kwamba jumla ilimwonea haya. Lakini mstari mmoja, wa dola 1, ulitoka jimbo ambalo hajalikanyaga. Asubuhi benki iliifunga kadi na kutoa nyingine.

Tazameni basi. Mwizi alikuwapo kweli, ila hakuwa yule aliyeandikiwa barua ya hasira. Kama mama angeituma, wawili hao wangalikuwa wakigombana juu ya kantini isiyokuwapo, huku mgeni akiendelea kuufungua mlango wa nyuma.

Taarifa ya benki isomwe na wote wawili, kila mwezi, mezani, watoto wakisha kulala. Kwa herini hadi juma lijalo.