Msimu Si Juma Moja

Neno msimu halihitaji mfasiri katika uwanda wa juu wa Makonde. Mkulima wa Newala akilitamka, maana yake ni korosho. Na hapana awezaye kumdanganya kwamba korosho huja kwa siku moja. Shamba hupaliliwa, mikorosho hupuliziwa salfa wakati wa kiangazi ili ubwiri usiharibu maua, kisha ndipo magunia huanza kujaa ghalani mwezi wa Oktoba. Ni ajabu, basi, kwamba watu wajuao hivyo maana ya msimu katika mti wameridhika kuona watoto wao wakinyimwa msimu katika uwanja wa mpira.

Mpira wa sekondari huko Masasi na Newala hutegemea UMISSETA, mashindano ya shule za sekondari za Tanzania. Utaratibu wake ni wa kuchuja. Shule hukutana, wilaya huchagua wachezaji wake, mkoa huchagua katika wilaya, na walio bora huenda katika fainali za taifa katikati ya mwaka. Kuchuja si kosa. Unga mzuri haupatikani bila ya chekeche. Kosa ni kwamba baada ya chekeche hapana mchezo mwingine. Siku wilaya inapotangaza majina yake, timu ya shule hufa. Vijana wawili au watatu huchukuliwa, na waliosalia hurudi darasani pasipo kujua kama walikuwa timu, au kundi la watu waliovaa fulana za rangi moja. Mwaka 2021 fainali za taifa zilifanyika Mtwara, mlangoni pa watu wa Masasi na Newala. Wageni walikuja, wakacheza, wakaondoka. Viwanja vya shule vikabaki na vumbi lake.

Mfano wa kinyume chake uliwahi kuletwa Tanzania kwenyewe. Tarehe 21 Mei 2011, katika Uwanja wa Sheikh Amri Abeid, Arusha, wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Drake, kilichoko jimbo la Iowa, Marekani, walicheza mpira wa Kimarekani, ule wa mpira wenye umbo la yai, na kikosi cha wanafunzi wa vyuo vya Mexico. Drake walishinda kwa pointi 17 kwa 7, kisha wakapanda Mlima Kilimanjaro. Mchezo wenyewe ulikuwa mgeni kwa Waafrika, wala si lazima uzoeleke. Lililostahili kutazamwa ni jambo jingine. Vijana wale hawakulipiwa ada kwa sababu ya mpira, maana ligi ya chuo chao haitoi ufadhili wa masomo kwa ajili ya mchezo. Walikuwa wanafunzi kama wenzao. Hata hivyo kila mwaka walikuwa na michezo ipatayo kumi na mmoja, Jumamosi baada ya Jumamosi, tangu Septemba hadi Novemba. Aliyeshindwa Jumamosi hii alikuwa na Jumamosi ijayo ya kujirekebisha. Aliyeshinda alikuwa na Jumamosi ijayo ya kuadabishwa. Hiyo ndiyo elimu ya msimu, na haipatikani katika mashindano ya juma moja.

Si kila desturi ya Marekani ifaayo kuigwa. Vyuo vyao vikubwa huwalipa makocha mamilioni ya dola, na migongano ya vichwa imewaachia wachezaji wengi maradhi ya ubongo. Mambo hayo na yabaki huko huko. Kinachofaa kuazimwa ni kalenda.

Yupo atakayesema kwamba mpira huiba muda wa masomo. Hoja hiyo ilipata nguvu mwanzoni mwa miaka ya 2000, hata mashindano ya shule yakasimamishwa nchini, yakarudishwa baadaye. Katika muongo huo huo ukajengwa Dar es Salaam uwanja wa watu 60,000, uliofunguliwa mwaka 2007, ambao leo una jina la Benjamin Mkapa, mwana wa Lupaso, Masasi. Paa likaezekwa, na msingi ukafukuliwa. Kama kuondoa mpira huongeza elimu, miaka ile ingalitoa kizazi kizima cha wanazuoni. Nani amekiona?

Mwingine atasema kwamba Newala ina shida ya maji, kwa hiyo mpira ni anasa. Shida hiyo ni kweli: uwanda wa juu ni mkavu, na kwa miaka mingi wanawake waliteremka mabondeni na kupanda tena na mitungi kichwani. Lakini ni kisima gani kilichojaa kwa sababu vijana waliacha kucheza?

Wazee wa nchi ile hawakufikiri hivyo. Hawakumfanya kijana kuwa mtu kwa siku moja. Walimpeleka jandoni, akakaa, akafunzwa, akarudi na jina jipya. Vincent Lucas, aliyekuwa askofu wa kwanza wa Masasi tangu mwaka 1926, aliitambua hekima hiyo. Akalitia jando katika mafunzo ya Kanisa badala ya kulipiga marufuku. Na chuo cha misheni hiyo huko Kiungani, Unguja, kilichowafunza baadhi ya walimu wa kwanza wa Masasi, kilicheza mpira tangu karne ya 19. Mpira na kitabu vilifika kusini kwa mkono mmoja.

Linalotakiwa si kubwa. Chidya, Ndanda, Chuo cha Ualimu Kitangali, shule moja ya mjini Masasi na moja ya mjini Newala: timu tano, kila moja ikicheza na nyingine nyumbani na ugenini. Jumamosi kumi zatosha, tangu Julai hadi Septemba, wakati mvua zimekwisha, korosho hazijaanza kuuzwa, na mitihani ya Novemba bado iko mbali. Wasichana wapande lori lile lile na mpira wao wa pete. Nauli itoke katika ushuru wa korosho ambao halmashauri hukusanya kila mwaka. Mti ulipe deni la watoto wa aliyeupanda.

Halmashauri zitakazokataa na ziseme wazi kwamba zimekataa, zisijifiche nyuma ya masomo wala nyuma ya maji. Mkulima anayepulizia mikorosho yake kwa siku moja tu, kisha akalaumu mavuno, jina lake lajulikana Newala. Asiyewapa vijana wake ila juma moja, kisha akauliza kwa nini kusini haitoi wachezaji, astahili jina lile lile.