Filamu za Watu Wazima na Machozi Yasiyo na Sababu

Maneno "filamu ya watu wazima" yameharibika. Yatamke leo mbele ya vijana wa Kasulu au Kibondo, nao watachekea chini, kwa kuwa wanayajua kwa maana moja tu: picha za ngono. Sisi wapenzi wa lugha tumeyaachia maneno hayo kirahisi mno. Mtu mzima ni yule aliyependa akajuta, aliyeachwa na kesho yake akaamka kwenda shambani. Filamu yake ilipaswa kumhusu yeye.

Picha za ngono, ambazo Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 imekataza kuzichapisha, nazilaumu pia kwa kosa la kisanaa: hazina kisa. Wawili hukutana bila jana wala kesho. Hakuna anayeogopa, hakuna anayepoteza kitu. Lakini tusijidanganye kwamba filamu zetu za mapenzi, ambamo watu wamevaa nguo zao, zimeziba pengo hilo. Nimezitazama nyingi katika vibanda vya video vya huku kwetu. Mke anagundua kwamba mumewe ana hawara. Analia, kinanda kinalia naye, kisha anatueleza kwa maneno kwamba moyo unamuuma. Hatukuwahi kumwona akimpenda mume huyo. Machozi yametangulia sababu.

Filamu ya kigeni nayo inaponyamaza, mfasiri wa kibandani hukijaza kimya kwa mzaha. (Simdharau, wengi wao wana Kiswahili chepesi kuliko sisi walimu.) Watazamaji huangua kicheko wakati mwanamke kwenye kioo amegeuza uso ili asionekane akilia. Hivyo tumezoeshwa kuona kimya kuwa kasoro, ilhali wazee walionilea hawakutamka kamwe neno "nakupenda". Mama alifunika ugali wa muhogo, akakaa macho mpaka baba arudi. Mwongozaji gani wetu angethubutu kutuonyesha sahani hiyo tu, bila kinanda?

Mfano upo nyumbani. Katika riwaya ya Shafi Adam Shafi, Vuta N'kuvute, Yasmin anaozwa kwa Bwana Raza, mzee asiyempenda. Anatoroka, jamaa zake wanamkataa, anapata hifadhi kwa Mwajuma. Anapompenda Denge, mwanaharakati anayewindwa na serikali ya Waingereza Zanzibar, msomaji anajua tayari penzi hilo litamgharimu nini kila mmoja wao. Ndiyo maana hata mguso wa mkono unatosha kutushtua. Amil Shivji aliigeuza riwaya hiyo kuwa filamu, ikaonyeshwa katika tamasha la Toronto mwaka 2021. Haikuwa bahati tu kwamba filamu hiyo ilitoka katika kitabu: mwandishi alikuwa ameshaifanya kazi ngumu ya kupanga sababu.

Alama ya 18 kwenye filamu humwambia mzazi kile ambacho mtoto asione. Haisemi mkubwa apewe nini. Hapo nawageukia washairi. Ninyi mnajua kuificha hamu ndani ya fumbo, na mnajua neno lipi lisubiri mpaka kituo. Watayarishaji wa filamu wanahitaji watu wa kuwaandikia miswada, na wengi hupiga picha wakiwa na muhtasari wa kurasa chache tu. Aliye karibu nao abishe hodi, awapelekee onyesho moja la mume na mke mezani, lisilo na neno "moyo" wala "machozi".